Mji Fukuoka, Stesheni Hakata

Salma wa meza ya mbele kanambia niandike. "Bi Rayya," kasema, "sisi tulioingia juzi tunajua kompyuta tu. Tuandikie ya zamani." Nikamwambia mimi nilikuwa mkata tiketi, skuli nilikomea sekondari, na insha zangu mwalimu alikuwa akizisomea darasa zima ili watu wacheke. "Basi andika kama unavyosema," kanijibu, "sisi tutavumilia." Hiyo ndiyo adabu ya vijana wa siku hizi, na ndiyo ninayoikosa tangu nistaafu.

Vyeo sitaviandika. Vilikuwa viwili, na cha pili kilikuja na kiti cha kuzunguka kikanitia kizunguzungu, nikaomba kile cha zamani. Nitaandika juu ya wazee wawili walionifunza kazi, na mji mmoja wa Japani ambao sijaufika wala sidhani kama nitaufika, lakini ndio uliotufanya mimi na nyinyi tukawa na afisi ya kukaa. Nyinyi msiojua kwa nini kibao cha nje kimeandikwa Ujiji, na ukumbi wa kuingilia unaitwa Bububu, na mnaona haya kuuliza, someni.

Kwanza mnijue. Nimefanya kazi ya safari umri wangu wote na sisafiri. Safari yangu ndefu kabisa ilikuwa Salala, kusini ya Oman hii hii, nikaumwa tumbo njiani, nikarudi na sikuiona hiyo kijani wanayoisifu. Nyumbani kwangu Ansab, hapa hapa Maskati, nna dirisha la jikoni, nna jirani anayepika vizuri kuliko mimi, nna mto wangu wa kulalia. Mume wangu akiwaambia watu, "Mke wangu anauza dunia nzima, yeye mwenyewe hainunui." Watu wakicheka, na mimi nikicheka, kwa sababu ni kweli.

Siku ya kwanza kazini nilipanda ngazi za jengo letu la mtaa wa Ruwi, ghorofa ya pili, nikakuta ukumbi mwembamba na milango miwili inayotazamana. Mlango wa kulia umeandikwa kwa Kiarabu na kwa Kizungu: Bububu, afisi ya safari. Mlango wa kushoto: Ujiji, afisi ya safari. Nilidhani nimekosea jengo, nimeingia Afrika.

Bububu ilikuwa ya Ami Suleiman. Sote tukimwita Ami, ingawa hakuwa ndugu wa baba wa mtu yeyote pale. Ni Muomani aliyezaliwa Unguja, kaja Maskati kijana, na Bububu ni nje kidogo ya mji wa Unguja, ndiko ilikokuwa nyumba ya bibi yake. Ujiji ilikuwa ya Ami Hilal, Muomani vile vile, lakini babu yake alikuwa na duka Ujiji, kule kwenye Ziwa Tanganyika, na yeye kakulia huko huko bara. Wote wawili walikuja na sanduku moja moja, wote wawili wakafungua kazi ile ile, katika jengo lile lile, na kila mmoja akaandika mlangoni kwake mahali alipotoka. Wenyeji wa Maskati wakipita chini wakisoma vile vibao, wakitikisa vichwa. "Bu-bu-bu," akisoma mmoja, "hii sharika ya bubu?"

Wazee wenyewe wakitaniana mchana kutwa, milango wazi.

"Suleiman! Mteja wako kapotea huku kwangu, kaja anaimba. Nikajua huyu wa Unguja."

"Mrejeshe, sheikh. Huko kwenu atazoea kusema kama anapasua kuni."

Mimi nikaajiriwa Bububu. Ami Suleiman hakuniuliza vyeti. Aliweka mezani tufe la dunia, lile la kuzungusha kwenye kiguu chake, akasema, "Nioneshe Japani." Nikamuonesha. "Nioneshe Brazili." Nikamuonesha. "Nioneshe Unguja." Nikatafuta, nikatafuta, mahali pa Unguja palikuwa na tundu jeupe, rangi yote imetoka hadi karatasi inaonekana. Nikafazaika, nikajua kazi imenipita.

"Usiogope," kasema. "Ipo. Kila anayeingia humu anaweka kidole hapo kwanza, ndiyo imefutika. Umepata kazi."

Baadaye nikaenda kutazama tufe la Ujiji. Pale penye Ziwa Tanganyika palikuwa na tundu kama lile. Lakini Japani katika matufe yote mawili ilikuwa inang'aa kama imetoka dukani jana. Hakuna aliyekuwa akiigusa.

Zana zetu nyinyi hamtaziamini. Tulikuwa na kitabu cha ratiba za ndege kinene kama tofali, maandishi madogo ya kutafuta kwa rula. Tiketi zenyewe zilikuwa karatasi zenye wino mwekundu kwa nyuma, unaandika juu kwa kukandamiza ili nakala za chini zitoke, na jioni unakwenda nyumbani na vidole kama umepaka hina vibaya. Ukikosea herufi moja ya jina, unachana, unaanza upya, na Ami Suleiman anakutazama juu ya miwani, na huko kutazama ndiko kulikouma.

Jambo kubwa alilonifunza ni hili. "Mteja usimuulize anakwenda lini," akinambia. "Siku huhamishwa. Muulize anakwenda kwa nani." Nikadhani ni umbea wa kizee. Kumbe ndiyo kazi yenyewe. Mtu anakwambia nakwenda London, kumbe mwanawe yuko mji wa saa tatu mbele, na ungemshusha kiwanja cha upande wa pili akalala kwenye basi. Ukijua anakwenda kwa nani, ndipo unapojua wapi hasa ashuke.

Siku moja kaja kijana wa Sidab, pwani ya Maskati, muhandisi wa mitambo ya kutoa chumvi kwenye maji ya bahari. Anapelekwa Japani kujifunza. Kasema anataka tiketi ya Hakata.

Nikafungua tofali langu. Hakata hamna. Nikatazama juu ya mstari, chini ya mstari, hamna. Nikamwambia, "Mwanangu, mji huo hauna kiwanja cha ndege."

"Bi Rayya, hauwezi kukosa. Mwenyeji wangu kaniandikia atanipokea stesheni ya Hakata, na treni ya mbio inaishia hapo. Stesheni yenye treni ya mbio, kiwanja kitakosekana?"

Hapo nikakumbuka somo. Nikamuuliza anakwenda kwa nani. Akataja jina la mwenyeji wake, akanambia anakaa Fukuoka. Mimi nikawa na miji miwili badala ya mmoja, na kijana mmoja tu wa kumpeleka.

Tulikuwa na wakala tunayefanya naye kazi huko Japani, nikapiga simu. Akapokea mwanamke, sauti nyembamba, Kizungu chake kama changu, yaani cha kutosheleza. Akajitambulisha kuwa ni Noriko. Nikamueleza. Akacheka, lakini kwa adabu, kama mtu anayecheka ndani ya kanga.

"Ni mji mmoja," kanambia. "Mji Fukuoka. Kiwanja Fukuoka. Stesheni Hakata. Mwambie atoke kiwanjani, apande treni ya chini ya ardhi, kituo cha pili ashuke. Hapo ndipo Hakata."

"Mbona mji mmoja majina mawili?"

"Hiyo habari ndefu, na wewe una mteja mbele yako."

Kijana akaenda, akafika, akarudi. Alinifundisha mengi kuliko tofali. Kuwa Fukuoka iko kisiwa kikubwa cha kusini, Kyushu, kwenye pwani yake ya kaskazini, na kwamba Korea iko karibu nayo zaidi kuliko Tokyo. Kuwa kiwanja cha ndege kiko karibu na mji kiasi cha kuwa unamaliza kufunga begi la mkononi na umeshafika. Kuwa supu yao ya tambi inayosifiwa dunia nzima inachemshwa kwa mifupa ya nguruwe, kwa hivyo Muislamu aulize kwanza, halafu aulize tena. Na kuwa wana mayai ya samaki ya pilipili ambayo ukiyala na wali utasahau kwenu. Haya yote nikawa nikiwaambia wateja wengine kwa uhakika mkubwa, hadi wakaanza kuniuliza nimekaa huko miaka mingapi. Nikijibu, "Kidogo tu," na kuendelea kuandika.

Ami Hilal akiniita Bi Fukuoka. Kila nikipita mlangoni kwake: "Bi Fukuoka, Japani wamelalaje?"

Na Noriko tukawa marafiki wa simu. Kila Idi akinipigia, kila mwaka wao mpya nikimpigia. Nilijua ana mama mzee, naye alijua mume wangu anakoroma. Sura zetu hatukuzijua.

Basi, zikaja hizi simu za mkononi mnazozijua. Wateja wakaanza kujikatia tiketi wenyewe, wamelala kitandani, bila ya kuulizwa wanakwenda kwa nani. Wengine wakishushwa mji wa pili wakitupigia kulia, lakini kulia hakulipi kodi ya jengo. Bububu tukabaki wachache. Ujiji wakabaki wachache. Asubuhi nikifika nasikia saa ya ukutani ya upande wa pili.

Wazee wakakaa, wakakubaliana jambo la akili: waunganishe. Afisi moja, wafanyakazi wote wabaki, wachukue kazi ya kupokea wageni wanaokuja Oman badala ya kupeleka tu wanaotoka. Mwenye jengo akaridhia kuvunja ukuta na kutupa ukumbi wote. Kila kitu kikakubalika siku moja, pamoja na nani atakaa karibu na dirisha. Likabaki jina.

Ami Suleiman kasema Bububu haliondoki. Ami Hilal kasema Ujiji haliondoki. Tukapendekeza yote mawili pamoja, mchoraji wa vibao akatuambia kibao kitafika jengo la jirani. Tukapendekeza jina jipya, la ua au la nyota, wazee wakatutazama kana kwamba tumetukana wazazi wao. Na kwa kweli tuliwatukana, nimekuja kulifahamu hilo baadaye. Bibi wa Bububu alikuwa ameshakufa na nyumba yake wanakaa watu wengine. Duka la Ujiji halipo. Kile kibao ndicho kilichobaki.

Utani ukakatika. Milango ikafungwa, kwa mara ya kwanza tangu niingie mimi. Wakisalimiana kwa kupitia kwangu. "Rayya, mwambie sheikh Hilal assalamu alaykum." Namwambia mtu aliye hatua mbili mbele yangu, na yeye ananijibu mimi. Mwenye jengo akaleta ujumbe: mwezi ukiisha bila ya mkataba mmoja wenye jina moja, anampa mtu wa nguo za watoto ghorofa yote. Hesabu yake ilikuwa nyepesi, kila afisi peke yake haiwezi tena kodi. Tungefunga wote, na mimi, mtu mzima asiye na cheti wala pa kwenda, ningerudi dirishani kwangu Ansab kabla ya wakati wangu. Na wale wazee wangekufa wamenuniana kwa ajili ya ubao.

Katika wiki hizo ndipo Noriko alipokuja. Kaleta kundi la wazee wa Kijapani kutazama ngome na milima, akaomba nafasi ya asubuhi moja aje Ruwi anione. Nilimtambua kwa kicheko kabla ya sura.

Sasa tatizo: akae wapi? Ami Suleiman kasema mgeni wa Rayya ni mgeni wa Bububu. Ami Hilal kasema, kupitia kwangu, kuwa mgeni wa Fukuoka ni mgeni wa Bi Fukuoka, na jina hilo kanipa yeye. Mwisho tukatoa viti nje, tukampokea katikati ya ukumbi, mlango huu kulia na mlango ule kushoto, wazee kila mmoja kaweka kiti chake kizingitini kwake, hamna aliyevuka. Tende, haluwa, dele la kahawa. Mmiminaji mimi.

Mnajua sisi tukimpata mgeni hatumuulizi kazi yake. Ami Suleiman akaanza. "Karibu, binti. Kwenu wapi?"

Nikafasiri. "Fukuoka," kasema Noriko.

"Hapo ndipo unapokaa. Kwenu khasa."

"Babu yako wa wapi?" akadakia Ami Hilal, ili asipitwe.

Noriko akanitazama. Nikamwambia ajibu tu, haya ni maswali ya kawaida, hata daktari wa meno anayauliza.

"Babu mzaa baba ni wa Hakata," kasema. "Mzaa mama ni wa Fukuoka. Kuna mto katikati."

Angeishia hapo. Lakini alikuwa amemaliza kahawa yake, na mimi nikamjazia. Hakuna aliyemwambia kuwa ukitosheka unatikisa kikombe. Sisi huona kila mtu anazaliwa anajua. Yeye akidhani kujaziwa maana yake aendelee, na mimi nikidhani anaendelea kwa sababu anataka kahawa. Kwa hivyo akaendelea.

Kasema Hakata ni mji wa zamani sana, wa bandari na wafanyabiashara, upande wa mashariki wa mto, wakiuziana na Wachina tangu na tangu. Jina lake lilianzaje wenyewe hawakubaliani, wengine husema maana yake ni ghuba pana. Halafu, kiasi cha miaka mia nne nyuma, akaja bwana mmoja aliyepewa kuitawala nchi ile. Hakuwa wa pale. Akajenga ngome upande wa magharibi wa mto, na askari wake wakajenga mji kuizunguka, akauita Fukuoka.

"Maana yake nini?" akauliza Ami Suleiman.

"Fuku ni bahati njema. Oka ni kilima. Lakini yeye hakutazama kilima. Mbali huko, nchi nyengine ya Japani, palikuwa na mahali panaitwa Fukuoka. Ndipo walipokaa wazee wake. Alikuja na jina."

Nilipofasiri hilo, Ami Suleiman akajipiga goti. "Huyo mwenzangu! Huyo bwana Bububu huyo!"

"Na wale wa ng'ambo?" akauliza Ami Hilal, anamuuliza Noriko lakini anamtazama Suleiman. "Wale waliokuwepo tangu zamani, walisemaje? Mimi niko na hao. Hao ndio wenye mji."

"Mwenye mji!" kasema Ami Suleiman. Alikuwa anasema naye moja kwa moja sasa, hakuniona mimi. "Wewe Ruwi umekuwa mwenye mji lini? Mimi na wewe tumekuja hapa na sanduku la bati."

"Langu lilikuwa la ngozi."

Nikamjazia Noriko. Akameza, akaendelea. Walikaa hivyo, miji miwili na mto, askari huku na wafanyabiashara kule, hadi utawala wa mabwana ukaisha na serikali mpya ikasema huu sasa ni mji mmoja. Jina? Baraza likakaa kupiga kura. Inasimuliwa kuwa kura zililingana, na mwenyekiti ndiye aliyeamua. Kaamua Fukuoka.

"Mwenyekiti mwenyewe alikuwa wa upande gani?" akauliza Ami Hilal.

"Wanasema wa upande wa Fukuoka."

"Nilijua! Ninawaambia, nilijua! Dhulma kabisa!" Kasimama, kavuka kizingiti chake bila ya kujijua. "Na watu wa Hakata wakanyamaza?"

"Ikaja reli," kasema Noriko. "Wakati ule ule. Stesheni ikaitwa Hakata, na mpaka leo ni Hakata."

"Stesheni!" kasema Ami Hilal. "Wamepokwa mji, wamepewa pipi."

"Pipi gani?" Ami Suleiman naye kashasimama. "Huna ujualo, wewe. Stesheni ndiyo nini? Ndipo kila mtu anaposhuka! Awe waziri, awe mchuuzi, hafiki mjini ila apite pale. Jina la mji liko kwenye karatasi, stesheni iko kwenye miguu ya watu. Hao wa Hakata walipewa kikubwa, kama wangekuwa na akili wangeshukuru!"

Wakawa wamesimama katikati ya ukumbi, pua kwa pua, wanagombania mji ambao hakuna hata mmoja wao aliyewahi kuugusa kwenye tufe lake. Nikamuuliza Noriko taratibu, yeye anaona nani alishinda.

"Nikijaza fomu naandika Fukuoka," kasema. "Nikishuka kwenye treni nasema nimefika Hakata. Sijawahi kupotea." Halafu akaniinamia sikioni. "Rayya-san, tafadhali, inawezekana nisinywe tena?"

Nikamshika mkono nikakitikisa kikombe. Maskini, macho yamemtoka kama ya bundi. Wazee wakacheka wote wawili, na kucheka pamoja kukawashtua, wakarudi vitini.

Alipokwisha kwenda, Ami Suleiman kasema, "Haya. Na sisi tupige kura." Tukapiga, Bububu wakasema Bububu, Ujiji wakasema Ujiji, na zikalingana, kwa kuwa mimi nilikuwa nabeba vyombo na sikupiga. Wote wakageuka wakanitazama, mimi na sinia mkononi.

"Rayya ndiye mwenyekiti," kasema Ami Hilal, kwa unyonge, maana alijua mimi wa upande gani. Ami Suleiman alikaa kama mtu anayesubiri chenji yake.

Vijana wangu, huyu mtu ndiye aliyenipa kazi bila ya cheti. Nilipojifungua mwanangu wa kwanza, aliniwekea kiti changu hadi nikarudi. Ningesema Bububu, nani angenilaumu? Lakini nilimtazama Ami Hilal, nikaona keshaanza kutazama mlango wake kama mtu anayeupima ataubebaje. Akishindwa asubuhi ile, angeweka sahihi, na asingerudi tena kutania. Tungepata afisi na tukakosa mtu.

"Kibao cha nje kiandikwe Ujiji," nikasema. Sauti ilitoka nyembamba kama ya kuku. "Mji ni Ujiji. Na ukumbi wa kuingilia, hapa tulipo, anapofikia kila mtu kwanza, uitwe Bububu. Liandikwe ukutani kwa herufi kubwa, na tufe la Ami Suleiman na kiti chake viwe hapa hapa. Hii ndiyo stesheni." Nikazidi kujiharibia. "Ami, umesema mwenyewe ndicho kikubwa."

Ami Suleiman akanitazama juu ya miwani, kule kutazama kwa tiketi iliyokosewa. Akasimama, akaingia ndani, akafunga mlango. Ami Hilal naye hakufurahi, alikaa na mkono kinywani.

Nilirudi Ansab nikakaanga sambusa za kutosha harusi na wageni wasioalikwa. Mume wangu kauliza nani kafa. Nikamwambia sijui bado.

Asubuhi nilipanda zile ngazi na kapu la sambusa, kama nabeba jengo. Milango yote miwili ilikuwa wazi. Katikati ya ukumbi pamewekwa meza, juu yake tufe lenye tundu la Unguja, na nyuma ya meza kakaa Ami Suleiman, kofia mpya, kanzu imepigwa pasi mpaka inakata. Na pembeni yake Ami Hilal, anasukuma meza nyengine, anahema, na tufe lake chini ya kwapa.

Ami Suleiman akaninyooshea kiti. "Karibu Bububu," kasema. "Unakwenda kwa nani?"

Nikalia, wallahi. Ami Hilal kasema, "Mwache apite huyo, ana sambusa."

Hiyo ndiyo khabari ya kibao. Ami Suleiman alikaa pale ukumbini hadi mwisho wa uhai wake, Mungu amrehemu, na akiwaambia wageni kuwa Ujiji ni jina la karatasi tu. Ami Hilal akisema mkuu wa stesheni ni mtu wa kukusanya mizigo. Milango haikufungwa tena. Noriko kila nikimpigia huanza kwa kuuliza, "Stesheni hawajambo?"

Siku ya kuniaga, Ami Hilal alikuja na fimbo yake, kaletwa na mjukuu wake kutoka mtaa wa Madinat Sultan Qaboos. Mnakumbuka, mlikuwepo. Kasema mji una jina, stesheni ina jina, lakini jiko la hapa afisini, ambako Bi Fukuoka kamaliza nusu ya umri wake akipika chai na kujificha na wateja wakali, hamna kitu mlangoni. Akaniuliza paandikwe nini.

Wote mlidhani nitasema Fukuoka. Nikaona haya. Mimi sina bibi wa Bububu wala babu wa duka la Ujiji ninayemkumbuka. Wazee wangu walitoka huko Afrika, lakini mimi nimezaliwa hapa, nimekaa hapa, na kila nikiulizwa kwetu khasa wapi nilikuwa nikitafuta jibu la mbali ili nisionekane mshamba. Nikasema, "Andikeni Ansab."

"Ansab?" kasema Salma. "Ansab hii hapa, ya kwenda kwa basi?"

"Ndiyo hiyo hiyo."

Ami Hilal akaniita kwenye tufe la marehemu. "Haya, tuoneshe." Ansab haimo, ni ndogo mno, basi nikatafuta Maskati. Ilikuwa inang'aa kuliko Japani. Miaka yote ile, watu wote wale, hakuna aliyewahi kuweka kidole mahali aliposimama.

Nikaweka changu, nikasugua.